Betri Iliyokwenda Msibani

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Kokwijuka alifuta sola ya zahanati. Alipanda juu ya jiwe, akanyoosha mkono wenye kitambaa kibichi, akaondoa vumbi, mavi ya ndege na vipande vya majani makavu ya migomba. Kazi hiyo ilikuwa ya mjomba wake, Kagaruki, mlinzi wa zahanati. Lakini mguu wa mjomba haukukunjika vizuri tangu alipojeruhiwa katika vita vya mwaka 1979, kwa hiyo Kokwijuka alimsaidia. Kabla ya hapo alikuwa ameshachota maji, amewasha moto na kumenya ndizi za mchana. Alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili, na mara nyingi alifika darasani macho yakiwa mazito.

Wazazi wake walikuwa wamefariki kwa ukimwi, baba kwanza, kisha mama. Mwaka ule wa 1991, katika vijiji vya wilaya ya Muleba vinavyozunguka Kishanda, habari kama hiyo haikumshangaza mtu. Watu walizika Jumanne, wakapalilia kibanja cha migomba Jumatano, na Alhamisi wakaitwa kwenye msiba mwingine. Hata vilio vilikuwa vimepungua sauti. Watu walikuwa wamechoka.

Sola ile ilitoka Denmark, nchi ya baridi iliyo kaskazini mwa Ulaya. Ilikuja pamoja na betri kubwa na friji ya kuhifadhia chanjo. Aliyeifunga alikuwa fundi wa huko, Bwana Anders, mtu mrefu aliyejifunza Kiswahili misheni. Siku alipomaliza kazi aliwaita wanakijiji waione friji. Ilifunguliwa kwa juu kama sanduku, na kuta zake zilikuwa nene kuliko matofali.

"Hewa baridi ni nzito," aliwaeleza. "Mlango ukiwa ubavuni, ukiufungua baridi inamwagika chini kama maji. Ukiwa juu, baridi inabaki ndani." Kisha akaweka mkono juu ya betri. "Mchana jua linaijaza hii. Usiku friji inakula humu. Tafadhali, betri hii ni ya friji peke yake. Si ya redio, wala si ya taa."

Watu waliitikia, tena kwa moyo mweupe.

Lakini tangu vita, mafuta ya taa yalikuwa ya kubahatisha. Duka la kijiji liliweza kukaa muda mrefu bila tone. Na msiba unahitaji mwanga, kwa kuwa watu wanalala nje, wanapika, wanasali na kumkesha marehemu. Wa kwanza kuja kuomba betri, aiunganishe na taa, alikuwa mzee aliyefiwa na mtoto wake wa mwisho. Kagaruki hakuweza kumkatalia. Asubuhi betri ilirudishwa, jua likawaka, friji ikaendelea kunguruma polepole. Hakuna kilichoharibika. Basi mara ya pili ikawa rahisi, na baada ya hapo hakuna aliyeliona kuwa kosa.

Mwezi wa Novemba, katikati ya mvua, mama yake Immakulata alifariki. Immakulata na Kokwijuka walikaa dawati moja darasani. Jioni ile baba yake Immakulata, Kamugisha, alikuja zahanati akiwa amelowa mpaka mifupani. Muuguzi wa pekee wa pale, Nesi Bernadina, alikuwa amekwenda Bukoba kwenye semina.

"Waitu Kagaruki," Kamugisha alisema kwa unyenyekevu, "mke wangu amelala gizani. Naomba ile betri."

Mjomba alitazama mawingu. "Nesi hayupo. Na jua hatujaliona tangu juzi."

"Nitairudisha asubuhi."

Mjomba alimtazama jirani yake, maji yakimtiririka usoni, asijue tone lipi lilikuwa chozi na lipi mvua. Kisha akasema, "Kokwijuka, lete spana."

Kokwijuka alileta spana. Alishika nyaya wakati mjomba akifungua. Alikumbuka vizuri maneno ya Bwana Anders, lakini alimfikiria Immakulata na mdogo wake mchanga, akaona aibu hata kufungua mdomo.

Asubuhi betri haikurudi. Kaka wa marehemu alikuwa mvuvi katika visiwa vya ziwani, na mazishi yalicheleweshwa ili kumsubiri. Betri ilirudishwa siku mbili baadaye, tupu kabisa, na mvua ilikuwa bado inanyesha. Kokwijuka alifunua friji. Hewa iliyomgusa usoni ilikuwa vuguvugu. Barafu ilikuwa imeyeyuka, na vichupa vya chanjo vilikuwa vimelala kwenye maji.

Siku iliyofuata jua lilitoka kwa nguvu. Betri ikajaa, friji ikanguruma, maji yakaganda tena. Nesi Bernadina aliporudi na kutazama kipimajoto, kilionyesha baridi ile inayotakiwa.

"Friji ilikuwa salama, Ta Kagaruki?" aliuliza, akimwita Ta kwa heshima ya mzee, huku akivua viatu vilivyojaa matope.

Mjomba aliutazama mguu wake. "Ilikuwa salama, Nesi."

Kokwijuka alikuwa anafagia. Ufagio ulisimama kidogo, halafu ukaendelea.

Nyumbani alijaribu kulisema. "Mjomba, vile vichupa vilipata joto."

"Vimepoa tena."

"Lakini Bwana Anders alisema..."

"Mwanangu, nikiachishwa kazi tutakula nini? Vimepoa. Acha tu." Mjomba hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu aliyebeba mzigo mpaka akaishiwa nguvu za kuutua. Na Kokwijuka naye alikuwa amechoka. Alilala bila kula.

Siku ya kliniki ilifika. Surua ilikuwa imeingia vijiji vya jirani na watoto walikuwa wameanza kufa, kwa hiyo akina mama walikuja wengi kuliko kawaida. Walipita kwenye matope tangu alfajiri, watoto wakiwa mgongoni, wakaketi kwenye mabenchi bila maneno mengi. Shule ilikuwa imefungwa siku hiyo kwa sababu ya mazishi ya mwalimu mmoja, na Kokwijuka alikuwa akiwagawia watu maji ya kunywa. Mwisho wa benchi alimkuta Immakulata. Mdogo wake alikuwa amelala mgongoni, kichwa kikining'inia upande.

"Umemleta wewe?" Kokwijuka aliuliza.

"Nani mwingine? Baba amegeukia ukutani tu, hasemi." Immakulata alimpandisha mtoto mgongoni. "Mama alituambia, hata kama hatakuwepo, mtoto akitimiza miezi tisa aletwe kwa sindano ya surua. Alilirudia sana hilo. Sasa ametimiza."

Kokwijuka alimpa maji. Aliwatazama wale akina mama wote. Kisha aliweka ndoo chini na kuingia ndani.

Nesi Bernadina alikuwa anavuta dawa kwenye bomba la sindano. Mtoto wa kwanza alikuwa tayari mapajani mwa mama yake.

"Nesi, usimchome!"

"Una nini wewe?"

"Betri ilitolewa ulipokuwa Bukoba. Ilikwenda msibani. Mimi ndiye niliyeshika nyaya. Friji ilipata joto, barafu yote ikawa maji. Niliiona kwa macho yangu."

Nesi aliweka bomba mezani polepole. Aliketi. Akawa anajisugua macho kwa kiganja. Kokwijuka alisubiri kofi au kelele, lakini havikuja.

"Unajua kilichotaka kutokea?" Nesi aliuliza hatimaye. "Chanjo ya surua ikishapata joto, inakufa. Ukiipoza tena haifufuki. Ningewachoma watoto wote hawa, mama zao wangerudi nyumbani wakiamini kwamba wamekingwa, kumbe nimewachoma maji tu. Surua ingewakuta hivyo hivyo, na hakuna ambaye angejua kwa nini."

Alitoka nje, akawaambia watu ukweli. Chanjo imeharibika, warudi wiki ijayo. Mama mmoja aliyekuwa amesimama aliketi tena. Mwingine alisema kwa sauti ndogo, "Tumetembea tangu giza, Nesi. Nani ameiharibu?"

Kokwijuka aliinamisha kichwa. Ndipo Kagaruki aliponyanyuka kutoka getini, akaja akichechemea mpaka mbele ya mabenchi.

"Ni mimi," alisema. "Niliitoa betri ya friji, halafu nikamdanganya Nesi. Huyu mtoto alinishikia nyaya kwa sababu nilimtuma. Alitaka kusema, nikamnyamazisha."

Hakuna aliyemtukana. Wengi wao walikuwa wamewahi kukaa chini ya ile taa kwenye misiba yao wenyewe. Immakulata alimtazama Kokwijuka.

"Betri yenyewe ilikuja kwetu," alisema. "Ndiyo iliyowaka juu ya mama."

"Ndiyo."

Immakulata alikaza kitambaa kifuani, akaondoka na mdogo wake bila kuaga.

Wiki iliyofuata Bwana Anders alifika kutoka Bukoba na chanjo mpya, zikiwa kwenye kisanduku kilichojazwa barafu. Watu walikusanyika kwa wasiwasi. Wengine walisema amekuja kuichukua friji yake. Yeye aliomba kiti, akaketi, akauliza, "Nielezeni. Kwa nini betri?"

Kamugisha alisimama. Alikuwa amekonda, na shati lilimpwaya mabegani. "Waitu Bwana, kwetu mtu hatumwachi peke yake gizani kabla ya kumzika. Mafuta ya taa hakuna. Na misiba unaiona mwenyewe ilivyo. Hatukuwa na nia mbaya."

Bwana Anders aliitikia kwa kichwa taratibu. "Nilipokuwa kijana," alisema, "mafuta yalikuwa ghali sana duniani, na sisi Denmark yetu yote yalitoka nje. Serikali ikakataza magari Jumapili. Tulitembea kwa miguu katikati ya barabara kuu, nyumba zilikuwa baridi, taa za mitaani zikazimwa. Watu wakachoka kutegemea mafuta ya wengine. Mafundi wa vijijini, walimu, hata wanafunzi, wakaanza kujenga mitambo inayozungushwa na upepo ili itoe umeme. Mingi ilivunjika. Wakaikagua, wakaulizana imevunjika wapi, wakajenga mingine iliyo bora. Leo kuna viwanda vizima vinavyoitengeneza, na nchi nyingine zinakuja kununua."

Aliitazama friji kupitia mlangoni. "Na hii pia tuliitengeneza kwa kufikiri. Tulifikiria joto, vumbi, safari ya meli. Msiba hatukuufikiria. Mimi mwenyewe niliwaambia betri si ya taa, lakini sikuuliza mna taa gani. Nyinyi mlikosea kunificha, na mimi nilikosea kutouliza."

Karakana ya Bwana Anders kule Bukoba ilikuwa na betri iliyozeeka. Haikuweza tena kuendesha friji usiku kucha, lakini taa moja iliiweza. Bwana Anders aliahidi kuileta pamoja na sola ndogo. Hiyo ingekuwa ya misiba. Betri ya friji ingefungiwa ndani ya sanduku, na ufunguo angekuwa nao Nesi.

"Na hiyo ya misiba ataitunza nani?" mtu mmoja aliuliza.

"Ta Kagaruki," Nesi Bernadina alijibu.

Mjomba alishtuka. "Bado mnaniamini na betri?"

"Ulinidanganya mimi mmoja, ukakiri mbele ya watu wote. Nitakuamini. Lakini safari hii nitakuwa nakagua kila jioni."

Watu walicheka. Kilikuwa kicheko kifupi cha watu waliochoka, lakini Kokwijuka hakuwa amekisikia pale zahanati kwa muda mrefu.

Chanjo ilianza. Mwishoni, zamu ya mdogo wake Immakulata ilipofika, mtoto alichomwa, akatulia kama anayewaza, kisha akapiga yowe lililosikika mpaka barabarani. Immakulata alitoka naye, akamkuta Kokwijuka mlangoni.

"Baba ameniambia nikushukuru," alisema, huku akitazama pembeni.

"Na wewe?"

"Mimi bado nina hasira kidogo. Mwanga ule ulikuwa wa mama, na sasa watu wanauita kosa." Alimpigapiga mtoto aliyekuwa akilia begani mwake. "Lakini ungenyamaza, ningechukia zaidi."

Nesi Bernadina aliwasikia. Alitoka akijifuta mikono, akakaa kwenye benchi lililokuwa tupu sasa, akawaita wote wawili wakae karibu naye.

"Kokwijuka, siku ile nilikuwa nimechoka hata sikukuambia neno zuri," alisema. "Leo nakuambia. Sisi wote hapa tumechoka. Mjomba wako amechoka, mimi nimechoka, baba yake Immakulata amechoka kuliko sote. Mtu aliyechoka huacha mambo yapite. Huona kimya ni kupumzika. Lakini kimya chako kingewaangukia watoto ambao hawawezi hata kuuliza. Ukijua jambo la hatari, liseme, hata kama ulishiriki kulifanya, hata kama sauti inatetemeka. Na uliseme mapema kuliko ulivyolisema safari hii. Umenielewa?"

"Nimeelewa, Nesi."

"Vizuri. Sasa mpokee mwenzako huyo mtoto. Hujamwona alivyoishiwa nguvu?"

Kokwijuka alimpokea mtoto, akamfunga mgongoni mwake, akaanza kutembea naye polepole uani mpaka kilio kikapungua.