Gauni la Kiuno cha Mtu Mwingine

Gaudiosa alimwona Damiano mara ya kwanza stendi ya Mikumi, wachuuzi wakikimbilia madirisha ya mabasi. Shati la maua, kamera shingoni, maikrofoni kwapani, sufuria ya wali mikononi.

"Kaka, unahama?"

"Natengeneza filamu, mrembo. Naandika, napiga picha, naigiza, na waigizaji nawapikia mwenyewe."

Gaudiosa akacheka, akampokea sufuria. Mapenzi yakaanzia hapo.

Baada ya miezi minane, wazee wa Damiano walileta barua ya posa. Mjomba wa Gaudiosa akaipokea, akamkabidhi. Kwa desturi, akiirudisha bila kuifungua, amekataa; akiifungua, amekubali.

Wiki hiyohiyo Damiano alimletea kitambaa cheupe, maana Gaudiosa ni fundi cherehani.

"Nishonee gauni la arusi, mpenzi. Vipimo hivi hapa."

Akavisoma. Kiuno hakikuwa chake.

"La nani?"

"Shona tu, mama. Utajua."

Akashona, roho ikimuuma. Jumamosi alipompigia simu, alisikia vigelegele.

"Niko Kimamba, nitakupigia!" Simu ikakatwa.

Arusi gani? Gaudiosa akatia barua mkobani, akapanda basi hadi Kilosa, kisha bodaboda mpaka stesheni ya Kimamba. Damiano alikuwa amesimama ndani ya suti, ameshikana mikono na bibi arusi. Gauni lilikuwa lilelile. Gaudiosa akaitoa barua, tayari kumtupia.

"Kata!" Damiano akapaza sauti.

Bibi arusi akafunua shela. "Baba Brayan, nipe mtoto anyonye." Mwanamume aliyeshika maikrofoni akampa.

Damiano akamwona Gaudiosa, akashtuka. Lakini kwanza alimpelekea kiti bibi kizee mmoja aliyesimama juani. Gaudiosa akaliona hilo.

"Mwigizaji wangu wa bwana arusi hakutokea, ikabidi nivae mimi," Damiano akasema.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Niliogopa ukijua ni la filamu utalilipua tu, harakaharaka. Nilitaka ulishone kama lako."

"Umenitesa, Damiano. Siku sita sijala vizuri."

"Nimekosa. Nisamehe, mpenzi."

Gaudiosa akaichana bahasha ya posa, akasoma taratibu mpaka mwisho. Kisha akapiga simu.

"Shikamoo mjomba. Waambie wazee wake waje."

Akamgeukia Damiano. "Lakini siku yetu kamera atashika mtu mwingine. Huandiki, huelekezi, hupiki. Unakuwa bwana arusi, basi."

Damiano, mtu wa maneno mengi, akaitikia kwa kichwa.