Alisema Hana Watu

—Sista, ngoja kwanza. Huyo mzungu wako ameshikwa na wazimu.

Aliyesema hivyo ni Henry, askari wa Kiganda anayelinda jengo moja kule Al Wukair, nchi ya Waarabu. Mbele yake alisimama Miriam Wangari, mhudumu wa hoteli ya Lusail, kabeba supu ya kuku. Mchumba wake Bradley alikuwa amemtumia meseji asubuhi:

"Mpenzi, nina homa. Misa ya kanisani Mesaimeer siwezi. Jioni kwa kaka yako nitajikaza."

—Wazimu gani, na mtu ni mgonjwa?

—Mgonjwa? Hebu sikiliza.

Miriam akatega sikio. Huko ghorofa ya pili mtu alikuwa anagonga sufuria kwa nguvu zote, utadhani anafukuza nzige shambani.

Ilikuwa Ijumaa, tarehe kumi na tano Agosti. Jioni hiyo Bradley alitakiwa kufika kwa Ndirangu, kaka mkubwa wa Miriam, kuanza ruracio, yaani mazungumzo ya mahari. Na kwa Wakikuyu mwanamume haendi kuomba mke peke yake kama anayekwenda kununua mkate. Anakwenda na watu wake. Sasa Bradley, injinia wa Kikanada aliyejifunza Kiswahili bandarini Mombasa, alishamwambia Ndirangu usoni kwamba hana mama, hana baba, hana ndugu. Ndirangu akamhurumia mpaka akamtafutia baba wa kumsimamia: Mzee Athanas, dereva kutoka Bukoba, mtu mzima wa watu aliyenunua viatu vipya kwa ajili ya siku hiyo.

Miriam akapanda ngazi mbili mbili. Mlango haukufungwa. Akausukuma.

Homa? Homa iko wapi! Bradley alikuwa wima katikati ya sebule, uso umepakwa bluu, nyeupe na nyekundu, na nyota ya njano shavuni. Mkono mmoja sufuria, mwingine mwiko wa chuma. Mezani, simu ya video ilijaa watu: mashangazi, wajomba, watoto, wote wamepaka rangi zile zile, wote wanagonga vyombo na kupiga mayowe. Mbele yao bibi mmoja mwenye mvi alikuwa anapiga mfuniko kama mwenye deni nao.

Bradley alipomwona Miriam akairukia simu.

—Usiguse hiyo simu! Ukiigusa, hii supu nakumwagia!

—Miriam, ngoja nikueleze...

—Hao ni akina nani?

—Ni... marafiki wa zamani.

Bibi akauliza kitu kwa Kifaransa. Bradley akamjibu haraka haraka, na katika maneno yote hayo Miriam alishika moja tu: mama. Hilo halihitaji mkalimani.

—Mama? Kumbe uko na mama?

—Sikiliza. Sisi si Wakanada hivi hivi tu. Ni Waakadia, kizazi cha Wafaransa wa zamani. Mwaka 1755 Waingereza walitufukuza kwetu. Walichoma nyumba, wakatupakia melini, mume huku, mke kule. Walitaka tuishe. Kila mwaka siku ya leo tunapiga vyombo ili dunia ijue bado tupo.

—Sawa. Mko, na ni wengi. Na mimi niko wapi?

Bradley akaweka sufuria chini.

—Ndirangu alikuuliza watu wako wako wapi, ukalia. Ulilia, Bradley! Nikakupea leso yangu!

—Dada yangu aliolewa na mtu wa Kiingereza. Watoto wake hawajui hata salamu ya kwetu, na mama alilia mwaka mzima. Mimi nilipomwambia nataka kuoa mgeni...

—Akasema?

—Akakukataa. Nilificha nisikupoteze.

Neno hilo lilimchoma Miriam. Aliweka supu chini, akaichukua simu, akazungumza Kiingereza chake cha hotelini.

—Mama, naitwa Miriam. Bradley alituambia hana mama, na sasa anasema umenikataa. Sawa, lakini niambie wewe mwenyewe. Babu yangu alifukuzwa Molo na hao hao Waingereza. Walimpakia kwa lori na watoto, mbuzi wakabaki wakilia. Alizeeka ugenini, lakini mpaka leo ukikuja kwetu utasalimiwa kwa Kikuyu. Usidhani ni nyinyi peke yenu mnajua kushika cha kwenu.

Kule ng'ambo bibi akaweka mfuniko wake chini.

—Nimekukataa? bibi akauliza taratibu, naye kwa Kiingereza. Binti yangu, jina lako ndiyo kwanza nalisikia leo.

Miriam akageuka. Bradley alikuwa ameukumbatia mwiko.

—Bradley! mama akafoka. Nilimlilia dada yako kwa sababu watoto hawakufundishwa, si kwa sababu ya mume! Bibi zetu walinyang'anywa watoto ufukweni, wakafa wakiwatafuta. Mimi niko hai, nakupigia kila Jumapili, halafu wewe unaniua mbele za watu ili usipate taabu ya kunieleza? Unajificha nyuma ya msiba wetu?

—Niliogopa, mama.

—Kuogopa si dhambi, Miriam akadakia. Ungeniambia unaogopa, tungeogopa pamoja. Lakini kumzika mzazi akiwa hai? Na kunifanya nimchukie mtu ambaye hajawahi kunisikia?

Simu ya Miriam ikaita. Ilikuwa Ndirangu.

—We Miriam, mko wapi? Mzee Athanas amefika, amekaa hapa na suti yake, anarudiarudia maneno ya kusema.

—Mwombee radhi, kaka. Mwambie mtoto tuliyempa ana mamake.

—Ati nini? Nipatie huyo mtu saa hii!

—Wacha. Nimemalizana naye.

Akakata. Akairudisha simu ya Bradley mezani, akamweleza mama habari ya kaka yake na Mzee Athanas, kisha akavua pete ya uchumba, akaiweka mbele ya simu, mama akaiona.

—Miriam, tafadhali, Bradley akasema huku rangi zinamchuruzika shavuni. Nitamwambia Ndirangu ukweli. Leo hii.

—Utamwambia. Lakini si kwa sababu yangu.

Mama alikuwa analia sasa, kalowa rangi na machozi.

—Binti yangu, nitapanda ndege. Nitakuja na kaka zangu tupige hodi kwenu, tumwombe radhi kaka yako na huyo mzee. Sisi hatukumlea hivi.

—Karibu sana, mama. Kuja. Nyumba ya Ndirangu itakuwa yako.

—Na huyu mwanangu je?

Miriam alikuwa ameshafika mlangoni. Akamtazama Bradley toka nywele mpaka vidole vya miguu, kisha akajibu kwa sauti ili simu isikie:

—Yeye alisema hana mama. Basi wewe nimekuchukua mimi.