Aliyebaki Kamera Ilipogeuka

— Mtazame mumeo, Dada! Si ukuta, mumeo!

Mwongozaji alipaza sauti kutoka nyuma ya kamera. Dada, kama kundi zima la filamu lilivyomwita, akajifuta machozi ya kwanza na kujiandaa kwa ya pili. Tatizo ni kwamba huyo mume hakuwepo. Nyota wa filamu, waliyembatiza Bwana Bango kwa jinsi sura yake ilivyojaa kwenye mabango, alikuwa ameshapigwa picha za upande wake, akaenda zake kupumzika. Ndivyo ilivyokuwa siku zote. Kamera ikigeuzwa imwelekee mwigizaji msaidizi, mkubwa huondoka, na maneno yake husomwa na Karani.

Huyo Karani ndiye mtunza kumbukumbu. Kazi yake kukumbuka kikombe kilikuwa mkono upi na kifungo kipi kilikuwa wazi, ili picha zisigombane. Akasimama kando ya kamera, karatasi mkononi, akasoma kwa ile sauti yake kavu:

— Rudi nyumbani, mke wangu. Nyumba imekuwa kubwa mno.

Dada akalia mpaka fundi wa taa akageuza uso.

— Kata! Umetumaliza, Dada!

Miaka kumi na minne alikuwa kwenye filamu. Amekuwa nesi, shangazi, jirani mwenye mdomo, hata mama wa mtu anayemzidi umri. Sokoni watu humwita kwa majina ya aliowaigiza, lake hawalijui. Sasa ana arobaini na moja, na ilikuwa kama Mungu amemfungulia dirisha. Simu ikatetemeka.

"Malkia wangu, kesho nataka jibu la posa yangu. Jumamosi naleta wazee kwa mama yako."

Ni Bwana Bango. Dada aliusoma ujumbe mara tatu, akawa anatembea kama anayekanyaga pamba. Kuwa wa kwanza kwa mtu, jamani, hata mara moja tu!

Alasiri ile mhariri wa picha, mama wa makamo waliyemwita Bibi Mkasi, akamwita chumbani kwake.

— Kaa, mwanangu. Nikuonyeshe kitu.

Pazia lilikuwa limefungwa. Katika lile giza laini, uso wa Dada ukaelea ukutani, mkubwa kama mwezi.

— Hapa mmepigwa pamoja, Bwana Bango yuko mbele yako. Unajionaje?

— Sijaharibu.

— Hujaharibu, unaigiza vizuri. Sasa tazama hapa, ameshaondoka.

Uso uleule, lakini macho yalikuwa kama nyumba iliyowashwa taa kutoka ndani. Dada akajitazama kama anayemwota mtu mwingine.

— Ni mwanga tu, bibi.

— Mwanga! Taa ileile, vazi lilelile. Nimekata filamu miaka thelathini, mwanangu. Nimezipekua na zako za zamani, ile ya nesi, ile ya mjane. Kila penye macho haya, nimeuliza nani alisimama kando ya kamera. Nikwambie?

— Usiniambie.

— Basi unajua.

Dada akatoka nje. Mchana ulikuwa mweupe kama uliomwagiwa maziwa, na watu walipita kama hawana miguu. Akaomba kimoyomoyo: Mungu wangu, nisije nikamwonea mtu. Kisha akapiga simu.

— Malkia! Jibu limekuja mapema?

— Acha nikuulize kwanza. Asubuhi, mbona hukubaki nilipokuwa nalia?

— Nibaki? Si nilikuwa nimeshamaliza sehemu yangu?

Hakusema kwa ubaya. Ndiyo maana likamwingia.

— Basi usilete wazee, ndugu yangu. Nakuheshimu, na sina kinyongo.

— Umempata nani?

— Sijampata. Ndiyo naenda kumuuliza.

— Wewe! Unajua wanawake wamenipangia foleni?

— Basi aliye mbele kabisa mpe nafasi yangu.

Karani alikuwa peke yake kwenye sebule ile ya mbao za kuigizia, akirudisha vikombe kama vilivyokaa asubuhi.

— Chako kilikuwa kushoto, alisema bila kugeuka.

— Sijafuata kikombe. Yale maneno unayonisomea, huwa unayasoma tu?

Karani akakiweka kikombe mezani. Vumbi lilielea kwenye mwanga wa dirisha kana kwamba nalo linasikiliza.

— Mwaka wa kwanza nilikuwa nayasoma.

— Na baadaye?

— Baadaye karatasi naishika ili nipate pa kufichia macho.

— Miaka yote hiyo! Mbona hukusema?

— Nimesema! Nimekuomba urudi nyumbani, nimekuapia siwezi kuishi bila wewe, mara moja nimekufia mikononi. Kila nikifika mwisho mtu anapiga kelele "kata!"

Dada akacheka mpaka akakaa chini.

— Halafu nikasikia unaposwa na mwenye mabango yake, Karani akaendelea polepole. Mimi nani?

— Wewe ni mtu anayebaki. Jumamosi saa nne mama yupo. Njoo na mjomba wako.

Jumamosi mama akamvuta Dada jikoni.

— Si ulisema anakuja mtu wa mabango? Huyu hata jirani hamjui!

— Ni huyu, mama.

— Unamtaka, au umechoka kungoja?

Dada akachungulia sebuleni. Karani alikuwa amekaa wima kama mwanafunzi, jasho likimtiririka.

— Ninamtaka, mama. Ningemtaka hata nikiwa na miaka ishirini.

— Punguza sauti, wageni watasikia!

— Wasikie.

Mjomba wa Karani akakohoa huko sebuleni, kisha akashindwa, akacheka. Mama akamshukuru Mungu kwa midomo bila sauti, akabeba sinia la chai, akatangulia sebuleni.

— Ndugu zangu, karibuni. Msihangaike kuuliza. Jibu mmeshalisikia.