INJINI YA MAREHEMU ILINUKIA MAANDAZI

Nilimzika mume wangu mwezi wa tatu.

Mwezi wa sita nikanusa injini yake inakuja kutoka ziwani...

Ndugu zangu, nimesema NIKANUSA. Sijakosea kuandika!

Mwaka 1985. Nipo mwaloni, wanapotia nanga wavuvi, Muleba, saa mbili asubuhi. Ukungu umelala juu ya maji, huoni hata mita ishirini. Nimemng'ang'ania mkono Nathanieli, mwenye mtumbwi wa mashine, namlilia.

"Nathanieli, waitu, kaka yangu Pastory anafia kisiwani Goziba. Nipeleke nikamchukue, afie nyumbani."

"Anaumwa nini?"

Nikatazama ukungu.

"Si nakuuliza? Juliana?"

Nikamkaza mkono zaidi.

"Mtu wa Juliana hapandi chombo changu. Halafu dizeli yenyewe iko wapi? Mwezi wa pili huu hata harufu yake sijaipata. Unataka nikojolee kwenye tangi?"

Watu wakacheka!

Kwa mliozaliwa juzi: ugonjwa wenyewe ni huu UKIMWI. Sisi hatukuwa na jina lake, tukaupa jina la vitambaa vya magendo vilivyotoka Uganda baada ya vita. Kwetu Ijumbi ilifika mahali jembe linatoka makaburini, linarudi makaburini. Migomba nani apalilie?

Asubuhi ile mama aliniambia neno moja tu.

"Mwana wange, usirudi bila Pastory. Asizikwe kwenye mchanga wa kisiwa kama mtu asiye na kwao."

Basi bado nimemshika Nathanieli mkono... ndipo harufu ikaja.

Harufu ya maandazi yanakaangwa! Inatoka majini!

Kicheko kikakatika kama kimechinjwa. Nathanieli akavua kofia.

"Linakuja," akasema.

"Lipi?"

"Boti la mumeo."

"Mume wangu nimemzika! Udongo nimeutupa kwa mkono huu!"

"Ndiyo maana tunakimbia, dada!"

Na kweli wakakimbia! Dakika moja mwalo mtupu, sato wanarukaruka peke yao kwenye majani.

Mimi nikabaki.

Ngoja niwaeleze kwa nini.

Mume wangu Karugendo alikuwa fundi. Wakati wa vita alitengeneza malori ya jeshi. Aliporudi alikuta mashine ya kusaga imetelekezwa kwenye magofu kule mpakani. Akaing'oa injini, akaifunga kwenye boti yake ya uvuvi.

Kisha dizeli ikaadimika. Mafuta ya taa hakuna. Sabuni hakuna, tulikuwa tunafulia majani ya mpapai!

Karugendo akasema, "Injini hii inakula chochote." Akaijaza mafuta ya nyonyo.

Injini ikakohoa mara tatu, ikanyamaza. Nyonyo ni nzito kama asali, inapita wapi?

Mimi ndiye niliyepata jibu.

Tulikuwa tunakaa Kitendaguro, Bukoba mjini, napika enguli kwa kujificha. Enguli ni pombe kali ya ndizi. Siku moja mikono yangu imejaa mafuta ya nyonyo, nikainawia enguli... mafuta yakapotea! Mafuta mengine yanaelea tu juu ya pombe. Ya nyonyo yanaingia ndani kama sukari kwenye chai.

Nikajaribu wiki sita. Naitia enguli kostiki, ile ya kupikia sabuni. Nachanganya na nyonyo. Naiacha itulie mpaka kesho. Chini unabaki urojo mzito, juu mafuta mepesi, yanamiminika kama maji.

Ya juu tukayatia kwenye tangi.

Injini ikaitika!

Na moshi wake ukanukia maandazi. Watoto wa Kitendaguro walikuwa wanatufuata wakidhani tunakaanga.

Watu wakayaita "mafuta ya Karugendo". Jina langu halikutajwa popote. Sikujali. Mwanamume alikuwa anavua Goziba, lakini kila wiki mbili lazima aje kuchukua madebe kwangu. Analala siku tatu, anaondoka.

Mpaka siku walipomleta kwenye sanduku lililopigwa misumari.

"Ni homa," wakasema. "Msifungue."

Tukaogopa ugonjwa. Hatukufungua.

Sasa naomba mnielewe kilichopita kichwani mwangu pale mwaloni. Sanduku halikufunguliwa... mafuta yale tuliyajua watu wawili tu... na injini inakuja...

Je, kama hakuwemo?!

"Karugendo!" nikapiga kelele kwenye ukungu. "Karugendo, ni mimi!"

Boti ikatokeza.

Koti lake la jeshi nikaliona kwanza. Moyo paa! Nikaingia majini mpaka magotini.

"Shika kamba!" sauti ikasema. "Mbona umesimama kama nguzo? Nina mgonjwa!"

Sauti ya mwanamke...

Alikuwa mrefu, mweusi, mashavu yamebonyea. Kwenye mkeka ndani ya boti alilala mzee, mifupa mitupu. Tukambeba mpaka nchi kavu. Ndugu zake wakajitokeza mmoja mmoja nyuma ya vibanda, kwa aibu, wakamchukua.

Tukabaki wawili.

"Hilo koti umelitoa wapi?"

"Alinipa mwenyewe."

"Nani?"

"Unamjua. Naitwa Limi, natoka upande wa Magu. Na wewe ni Joviana."

Nikamzaba kofi!

Akajishika shavu. Hata hakurudi nyuma.

"Lipo lingine? Lete kabisa, maana nina safari."

"Miaka mingapi?!"

"Mitatu. Tukianza kuhesabu tutakesha hapa, na kaka yako hana muda huo."

Mkono nikaushusha.

"Pastory umemjuaje?"

"Yupo kwenye kibanda changu. Kutwa anaulizia migomba ya mama yake. Dada, nimerudisha kwao watu kumi na mmoja tangu Karugendo afe, kwa sababu hawa mabwana wanaovua kofia wanawakataa. Kaka yako ningemleta leo. Lakini boti ilibidi niipakie mawe isipinduliwe na mawimbi, nafasi ikabaki ya mgonjwa mmoja, na mafuta yalitosha safari moja tu. Yule mzee alitangulia kuomba."

"Si utengeneze mengine!"

"Natengeneza! Karugendo alinifundisha. Lakini yananigandia. Debe zima linakuwa uji. Nachuja kwa kitenge, napata kidogo cha kuendea. Mara tatu nimezimikiwa katikati ya maji."

Akaniangalia usoni.

"Na yeye ndivyo alivyokufa. Hawakukwambia?"

"Waliniambia homa..."

"Homa alikuwa nayo. Alipoona imemzidi akasema anakwenda nyumbani. 'Kwa mke wangu,' alisema hivyo, mbele yangu. Mafuta yako yalikuwa yameisha, akapika ya kwake. Tulimkuta siku ya pili, boti inazunguka tu na upepo. Jua na baridi vimemmaliza. Tukafungua tangi. Uji mtupu."

Wapendwa wasomaji... nilikaa chini palepale, kwenye magamba ya samaki.

Kwa sababu uji ule niliujua.

Enguli, hata uipike mara tatu, ndani yake kuna maji. Maji hayo kidogo yakikutana na kostiki na nyonyo, hupati mafuta ya injini. Unapata sabuni!

Dawa yake ni chokaa ya mawe, ile iliyotoka tanuruni haijaonja maji. Unaitumbukiza kwenye enguli, inakunywa maji yote. Unaipika enguli mara ya mwisho, inatoka kavu.

Karugendo nilimfundisha kila kitu.

Chokaa sikumwambia.

Kwa makusudi!

Nilikuwa nimehisi zamani kwamba Goziba ana mtu. Nikajisemea, awe naye tu, lakini mafuta yatamrudisha kwangu kila wiki mbili.

Na siku ile alikuwa anarudi kwangu kweli...

Mnadhani nilimwambia Limi? Sikumwambia. Nilisema tu:

"Twende Ijumbi. Nitakutengenezea."

Mama alipoliona lile koti alielewa yote. Alimtazama Limi muda mrefu, kisha akampakulia ebitoke, ndizi zetu za kupika.

"Kula. Atakayeniletea mwanangu halali njaa kwangu."

Tulikesha siku mbili kazini. Chokaa niliiomba kwa fundi aliyekuwa akijenga kanisa, nikaitumbukiza kwenye enguli Limi alipokwenda kisimani.

Yaani bado nikaficha! Mume amekufa kwa siri yangu, kaka anakufa, na mimi bado naficha! Moyo wa binadamu, jamani...

Mafuta yalipotulia nikauinua ule urojo wa chini nikaumwage kwenye migomba, kama nilivyozoea.

"Unamwaga dawa?!" Limi akaninyang'anya.

Akaukamulia ndimu, akauchemsha kidogo, akauchuja, akanipaka kwenye midomo. Mtamu, laini.

"Wagonjwa wanapasuka ngozi. Hiki ndicho nawapaka. Kule watu hata kuwagusa hawataki."

Miaka minne nilikuwa natupa kitu kile. Nikaona aibu, nikainama.

Asubuhi ya tatu tukaingia ziwani. Saa sita mchana tukafika Goziba.

Pastory alikuwa mwepesi kama furushi la majani makavu ya migomba. Nikamnyanyua peke yangu.

"Joviana, umenenepa."

"Na wewe umekonda."

"Nimewaachia nafasi kwenye boti."

Tulicheka. Limi akampaka midomo, tukaondoka.

Injini iliimba! Haikukata hata mara moja. Kisiwa kikazama nyuma yetu, nchi kavu mbele haijaonekana. Maji pande zote.

Limi akalipapasa tangi.

"Kwangu haijawahi kwenda hivi. Hata kwa marehemu mwenyewe alipopika. Umeweka nini?"

Ningeweza kudanganya. Nilikuwa na uongo tayari mdomoni.

Nikamtazama Pastory amelala.

"Chokaa," nikasema.

"Chokaa?"

"Inakausha enguli. Bila hiyo inakuwa uji."

Nikaona akili yake inatembea, inatembea... ikafika.

"Karugendo alijua?"

"Hapana."

"Kwa nini hakujua?"

"Ili arudi."

Limi akanyoosha mkono, akazima injini.

KIMYA.

Sijawahi kusikia kimya kama kile. Maji yanapiga ubao, tap... tap... Harufu ya maandazi ikachukuliwa na upepo. Boti ikaanza kugeuka yenyewe, taratibu.

"Sikiliza," akasema. Machozi yanamtoka, sauti haitetemeki. "Sikiliza vizuri. Yeye alikisikiliza hiki siku mbili."

Nilisikiliza.

Nilimsubiri anisukume majini, na Mungu ananiona, nisingeshika popote.

Pastory akafumbua macho.

"Tumefika?"

Limi akageuza uso.

"Kama hatujafika mbona mmezima? Mimi sina siku za kuchezea, dada zangu."

Dada zangu. Wote wawili.

Limi akajifuta uso kwa mkono wa koti. Akaushika mpini wa injini.

"Siwashi kwa ajili yako," akaniambia. "Nawasha kwa ajili yake."

Tulipogusa mwalo, watu wamejaa kwa mbali kama kawaida. Limi hata hakushuka. Alisimama juu ya ubao wa mbele akapaza sauti mpaka mishipa ya shingo ikatoka.

"Sikieni! Haya si mafuta ya Karugendo! Ni ya huyu hapa, Joviana! Enguli ikaushwe kwa chokaa ya tanuru, halafu kostiki, halafu nyonyo! Msipoikausha kwa chokaa mtafia majini kama yeye! Chokaa! Mmesikia?"

Siri yangu ya miaka minne, ilichukua nusu dakika.

Nathanieli alikuwa wa kwanza kusogea.

"Joviana, waitu... utanionyesha vipimo?"

"Nitakuonyesha. Lakini ukiwa na mafuta haya tangini, mgonjwa hakataliwi."

"Hata wa Juliana?"

"Huyo ndiye anapanda wa kwanza."

Akakuna kichwa. Kisha akaja kushika miguu ya Pastory, tukambeba wote.

Kaka yangu aliishi siku tisa. Tulimtandikia chini ya migomba ya mama, mama akimlisha kwa vidole. Amelala hapohapo mpaka leo.

Limi hakunisamehe. Alikuja kuchukua madebe kila mwezi, akala kwetu, akanipaka urojo mikono ilipopasuka, lakini msamaha alininyima na aliniambia wazi. Mwaka 1988 zamu yake ilifika. Nilimpakia kwenye boti ileile, nikamvusha mwenyewe mpaka kwao Magu. Njia nzima hakusema kitu. Karibu na pwani akanivulia lile koti, akanirushia.

"Baridi ya kurudi," akasema.

Mkiniuliza mimi nilibakije, sijui. Nimepima mara saba. Sina. Wengine tumeachwa ili tukumbuke.

Nina miaka sitini na nne sasa. Umeme ukikatika hapa mtaani, majirani wanawasha jenereta. Likizima ghafla huwa natoka nje haraka, niongee na mtu yeyote, hata muuza mkaa. Kile kimya siwezi kukaa nacho.

Ulichomficha mwenzako ili akuhitaji, siku moja atakihitaji ukiwa haupo karibu.

Kama kuna mtu unamfichia kitu cha namna hiyo, weka simu chini, nenda kamwambie.