Naushad Yuko Nje kwa Dhamana

Tangu Naushad arudi nyumbani, mama yake, Parveen, hakai kitako. Anafuta meza aliyokwisha kuifuta. Anachungulia korido. Wanakaa ghorofani, Thorncliffe Park, Toronto, na kila lifti inapofunguka moyo unamruka. Anadhani ni polisi.

Majirani walikuwa wamempongeza, wakasema mwanawe ameshinda kesi. Naye akaitikia, maana alitaka sana iwe kweli. Lakini Naushad hakushinda kitu. Alimpiga Bahadur mpaka akamvunja mkono. Kisa? Bahadur alimposa Karima, dada yake Naushad. Babu zake Bahadur walikuwa wafagizi huko India, na ukoo wa Parveen huwaita watu wa tabaka la chini. Jamani, familia zote mbili zimetoka Tanga, Toronto zinapanda basi moja, na bado mtu anapimwa kwa ufagio wa babu yake! Mahakama ilimfunga Naushad. Wakili wake akakata rufaa, na jaji wa rufaa akamwachia kwa dhamana. Parveen ndiye mdhamini.

Basi asubuhi moja ikaja simu: mama yake Bahadur amefariki.

Kwa watu wa Tanga, msiba ni msiba. Hata mliogombana mnakwenda kuhani. Parveen akapika sufuria ya wali wa nyama, akamwambia Naushad avae kanzu. Alijiona anafanya utu. Moyoni alikuwa na jingine pia: labda kina Bahadur wakila wali wake watalegea.

Kwenye lifti wakakutana na Gakii, jirani yao kutoka Meru, anayefanya kazi katika ofisi ya msaada wa kisheria na ndiye aliyewasomea karatasi za dhamana. Aliuliza wanakwenda wapi na sufuria. Alipoambiwa, akasimama mbele yao.

"Mama Naushad, rudini ndani. Huyu akifika kwa kina Bahadur leo, anaweza kulala gerezani."

Wakarudi. Parveen alizunguka jikoni akilalamika. Watu watasema hana utu. Majaji wa huku wanajua nini kuhusu msiba? Naushad, ambaye akikasirika husema Kiingereza tu, alidai kesi imekwisha, kwani si ameachiwa?

"Haijaisha," Gakii alisema. "Dhamana ya rufaa si ushindi. Mahakama ilikuona una hatia, na hatia hiyo ipo mpaka majaji wa rufaa waseme vingine. Jaji amekubali usubiri nyumbani kwa sababu rufaa yako ina hoja ya kusikilizwa. Tena ameamini hutatoroka wala hutamdhuru mtu. Ukivunja masharti, unafanya kosa jipya."

Akawakumbusha masharti yenyewe. Naushad asimkaribie Bahadur wala jamaa zake. Asiwapelekee neno, hata kwa kupitia mtu mwingine.

Parveen akauliza, je, yeye akienda peke yake, awape tu pole za Naushad? Gakii akatikisa kichwa. Pole hizo ndizo neno lenyewe. Masharti hayabadilishwi na wazee wala na msiba. Hubadilishwa na mahakama, na wa kuulizwa kwanza ni wakili. Kazi ya mdhamini ni kumzuia Naushad, na akivunja sharti, kutoa taarifa.

"Na wale waliofiwa?" Gakii aliongeza. "Wafungue mlango, wamkute aliyemvunja mwenzao mkono. Hiyo ni pole gani?"

Hao Parveen hakuwa amewafikiria hata kidogo.

Gakii akaomba maji. Akanyoosha mkono kwenye kikombe cha bati kilichokaa peke yake dirishani.

"Si hicho," Parveen alisema haraka.

"Kina nini?"

Naushad ndiye aliyejibu, safari hii kwa Kiswahili.

"Hicho cha kina Bahadur. Tangu nikiwa mdogo. Wakija kwetu, wananywea hicho. Sisi hatukinywei."

Aibu ilimpanda Parveen mpaka masikioni. Ngumi ilikuwa ya Naushad, lakini somo alilipata jikoni humu.

Wakili alipopigiwa simu alisema yaleyale. Wali wakaula wenyewe, bila hamu. Kina Bahadur wakazika mama yao, na hakuna aliyewagongea mlango kwa shari.

Ikafika siku ya kuamkia rufaa. Masharti yalimtaka Naushad ajisalimishe gerezani kabla majaji hawajakaa kuisikiliza. Hakuna aliyebishana. Parveen alipika chai, akammiminia mwanawe kikombe chake cha kila siku. Yake akaitia kwenye kikombe cha bati.

Naushad alimtazama akinywa. Kisha akasogeza chake kando, akanyoosha mkono. Mama akampa kile cha bati. Akanywa nusu, akamrudishia, na Parveen akamalizia. Wakavaa makoti, wakashuka.