Mkanda wa Visogo

Mkanda uliitikia "marahaba" wakati hakuna aliyeamkia.

Nikolaus akaurudisha nyuma. Yeye ndiye alikuwa mpiga video namba moja kuanzia Kilosa mpaka Mikumi. Namba mbili hayupo, muulize mwenyewe. Darasa la sita lilimshinda, lakini kamera zilipoanza kuingia alikuwa wa kwanza kuishika, na mwaka huo wa tisini na tano aliwachoka maharusi, akatangaza kwamba atatengeneza filamu ambayo hata Dar hawajaiota: watu wa stendi na sokoni, visogo vitupu, bila sura, bila majina. Sharti lilikuwa moja, asisalimie mtu. Ukimwamkia mzee atageuka, na akigeuka filamu imekufa. Siku kumi alipita nyuma ya wazee kafunga mdomo. Hata mama yake mzazi, Bi Yusta, alimkuta anachagua nyanya, akakirekodi kisogo chake, akapita kimya.

"Nani kamwamkia nani?" aliuliza mkewe, Fausta, mbele ya televisheni.

"Kelele za basi hizo."

"Basi linaitikia shikamoo siku hizi? Kweli soko huria."

Kila kisogo cha mzee kilipopita, sauti ile ile kavu, ya mtu asiye na haraka: marahaba. Chumba kikanuka miwa iliyoungua, na Kidodi kwenye mashamba ya miwa ni mbali. Kisha Fausta akamshika mkono, akaonyesha kwa kidole kwamba pale stendi, na pale stesheni ya Kilosa, na pale sokoni nyuma ya mama, kulikuwa na kisogo kimoja kinachorudi, chenye kovu la wembe upande wa kushoto, na kovu hilo alilipaka mafuta yeye mwenyewe kila Jumapili kabla ya kanisa, na kama mumewe alikuwa mbele ya kamera siku zote hizo, basi aliyeishika ni nani.

"Nenda kamwamkie mama," alinong'ona. "Leo hii."

Wakaenda wote wawili, kamera ndani ya begi. Nikolaus hakusikia woga; hakusikia kitu, kama mguu uliokufa ganzi. Bi Yusta alikuwa barazani anachambua maharage.

"Shikamoo, mama."

Maharage yaliendelea kudondoka kwenye ungo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," begi likaitikia, kavu, bila haraka.

Bi Yusta akainua macho, akamtazama kama abiria wa basi aliyeshuka kuchimba dawa kichakani.

"Fausta," alisema, "huyu mgeni wako mbona hasalimii?"