Mchezo Namba 317

"Usimguse Eddie mpaka mnunuzi ajitokeze."

Sauti ya Mugenzi, mkuu wa operesheni, ikakatika sikioni mwa Kabagwira.

Saa nane mchana. Jua kali. Moto mbili, pikipiki za abiria, zilipanda kilima cha Gisozi, ya Eddie mbele, ya Kabagwira nyuma. Begini mwa Eddie mlikuwa na kaseti ishirini za michezo ya zamani ya televisheni, kila moja michezo mia nne. Aliyemuuzia, fundi wa Rwezamenyo, alikamatwa asubuhi, akasema yote. Kwenye kaseti moja, ukichagua namba 317, mchezo hauji.

Yanakuja majina, moja moja.

Majasusi tisa wa Rwanda walio ng'ambo ya mpaka. Wa kwanza, Jean-Bosco. Kabagwira ndiye aliyemwingiza kazini. Tangu asubuhi simu ya Jean-Bosco haipatikani.

Eddie aliingia karakana moja ya Agakiriro, soko la maseremala. Kabagwira akasimama ng'ambo ya barabara, akijifanya anauliza bei ya kitanda. Mlango ulikuwa wazi. Ndani aliona TV ya kichogo, mashine ya michezo, na mgeni mwenye suti ya kijivu.

"Iko hii, boss," Eddie alisema, akapachika kaseti.

Kabagwira akanong'ona, "Mnunuzi yupo. Niingie?"

"Oya, hapana," Mugenzi alijibu. "Timu iko umbali wa dakika mbili."

"Mkuu, anapiga picha!"

"Karakana imejaa mafundi. Subiri!"

Mkono wake ulikuwa kwenye bastola, Glock. Haukuwa na kazi. Mgeni alipiga picha jina la kwanza, akatuma, akabonyeza kitufe kuleta la pili.

Kabagwira alivuka barabara.

"Chini! Wote!"

Risasi moja. Kioo cha TV kikapasuka. Mgeni aliinua mikono, simu ikamponyoka.

Timu ilifika ikawafunga pingu wote wawili.

"Kazi nzuri," Mugenzi alisema sikioni mwake. "Majina manane yamepona."

"Na Jean-Bosco?"

Mugenzi akakata mawasiliano.

Kabagwira alitoka nje, akampigia tena Jean-Bosco. Safari hii simu iliita. Ikapokelewa.

"Nani mwenzangu?" Sauti ya mwanamume. Si ya Jean-Bosco.

Alikata. Akajipangusa vumbi la mbao begani, akatembea taratibu hadi kwenye moto, kama mtu aliyetoka kununua kiti. Nyumbani Kinyinya, Belyse, mke wa Jean-Bosco, hakujua kitu bado.

"Kinyinya," alimwambia dereva. "Lakini usikimbize."